Tufu, tufa na umri wa fuvu la Zinj

Swali hili limetoka kwa kijana anayejifunza kazi ya kuongoza watalii huko Karatu. Nimelifupisha:

"Shikamoo mwalimu. Kila nikipeleka wageni Olduvai nakutana na maneno Tuff IB, Tuff IC, Tuff IF. Mimi huwaambia ni majivu ya volkano, basi. Juzi mgeni mmoja mzee akanipinga. Akasema kwao jiwe lenye jina kama hilo ni la chokaa na hutoka kwenye chemchemi. Kisha akaniuliza: kama hiyo tufu ina miaka milioni 1.84, fuvu la Zinj lina miaka mingapi, na nani alilipima? Nikakwama mbele ya watu tisa. Neno hili lina maana gani hasa, na linatumikaje?"

Marahaba, mwanangu. Naanza na lile lililokukwamisha, maana ndilo lenye uzito kuliko yote. Fuvu la Zinj, yule zamadamu, jamaa wa kale wa binadamu, aliyeokotwa Olduvai, halijapimwa umri na mtu yeyote. Kilichopimwa ni majivu ya volkano yaliyogeuka mwamba, chini yake na juu yake. Umri tunaoutaja wa fuvu tunaupata kwa kuangalia limelala wapi kati ya matabaka hayo. Mwongoza watalii akilielewa hilo, maneno yote ya pale Olduvai yanafunguka, na asipolielewa atakuwa anakariri namba tu mpaka atokee mgeni kama huyo mzee wako.

Sasa neno lenyewe. Tufu ni mwamba uliotokana na majivu ya volkano yaliyotua, yakarundikana na kushikamana. (Usiichanganye na kile kitenzi chetu cha kutufu, kuizunguka Kaaba. Hicho kimetoka kwenye Kiarabu na hakihusiani hata kidogo.) Kosa la kwanza linaanzia kwenye neno "majivu". Sisi tukisikia majivu tunaona ya jikoni: kuni zimeungua, umebaki unga mwepesi wa kijivu, ukiutia maji unakuwa tope. Majivu ya volkano hayajaungua. Ni mwamba ulioyeyuka huko chini ya ardhi, una gesi ndani yake kama soda iliyotikiswa. Ukikaribia juu, gesi inatoka kwa kishindo na kuupasua vipande vidogo mno kabla haujapata nafasi ya kutiririka. Vipande hivyo vinapoa vikiwa bado hewani na kuwa kioo. Pamoja navyo zinaruka fuwele za madini zilizokuwa zimeanza kukua ndani ya ule mwamba wa moto. Kwa hiyo majivu ya volkano ni vigae vya kioo na fuwele. Ndiyo maana ndege hazirushwi kwenye wingu la majivu hayo, kwani yanayeyuka ndani ya injini na kuganda humo.

Mimi hili nililielewa kwa vidole kabla sijalielewa kwa kitabu. Siku yangu ya kwanza bondeni, mwalimu wangu aliniokotea kipande cha tufu kilichokuwa kimedondoka chenyewe kwenye mteremko, akanitaka nikisugue kati ya kidole gumba na cha shahada. Kwa macho nilidhani ni udongo mkavu wa kawaida, rangi yake kama ugali wa mtama uliokauka. Kwa vidole kilikuwa msasa. Kisha akanipa lenzi ya mkono. Ndani ya ule ukijivu mlikuwa na vijipande vinavyong'aa kama punje za sukari, na kila nilipokigeuza kipande juani, punje moja inazimika na nyingine inawaka. Hizo zinazowaka ni fuwele. Tutazirudia, kwa sababu saa yetu imo humo.

Kuna neno la tatu utakalokutana nalo vitabuni: tefra. Kwa Kigiriki maana yake ni majivu, na aliyelipa matumizi ya kisayansi ya leo ni mtaalamu wa Iceland, Sigurdur Thorarinsson, mwaka 1944. Tefra ni kila kitu kilichorushwa na volkano kikiwa vipande, kiwe kidogo au kikubwa. Vya chini ya milimita 2, yaani kuanzia unga hadi punje ya ulezi, ndivyo vinaitwa majivu. Kuanzia hapo mpaka milimita 64, ukubwa wa chungwa dogo, vinaitwa lapili. Vikubwa zaidi ni mabomu na matofali ya volkano. Tefra ni jina la kitu kilichotua, hata kama bado ni vumbi unaloweza kulifagia. Tufu ni jina la mwamba, baada ya majivu yale kukandamizwa, kulowana na kushikamana. Volkano ya Ol Doinyo Lengai ilipolipuka mwaka 2007, kilichoanguka kwenye malisho kilikuwa tefra. Kuita vumbi lile tufu ni sawa na kuuita unga chapati.

Huyo mgeni wako mzee hakukosea. Alikuwa na jiwe jingine kichwani, nalo huitwa tufa, kwa a. Majina yote mawili yametoka kwenye neno moja la Kilatini lililotumika kwa mawe laini yenye vitundu, kwa hiyo yamekaa karibu mno masikioni, na hata wanafunzi wa chuo huyachanganya. Tufa haina uhusiano na volkano. Ni chokaa iliyokuwa imeyeyuka ndani ya maji ya chemchemi, kisha maji yalipofika hewani ikaganda juu ya majani, mizizi na mawe. Ule ukoko mweupe unaoganda ndani ya birika kwenye nyumba zenye maji magumu ni ndugu yake. Ukivunja kipande cha tufa, mara nyingi utaona alama za mashina na majani yaliyofunikwa yakaoza, yakaacha nafasi tupu.

Watu wengine watakuambia uzitofautishe kwa kudondoshea siki au asidi: ikichemka povu ni tufa, isipochemka ni tufu. Usiitegemee njia hiyo maeneo yetu. Baadhi ya volkano za Nyanda za Juu za Ngorongoro na jirani zake hutoa majivu yenye kaboneti, yaani madini ya jamii ya chokaa na magadi, na tufu nyingine zimeshikanishwa na chokaa iliyoingia baadaye. Zitachemka povu vilevile, nawe utakuwa umempotosha mgeni. Tumia lenzi, utafute fuwele.

Twende kwenye yale majina unayokutana nayo Olduvai, Tuff IB na wenzake. Mjerumani Hans Reck alipofanya kazi Olduvai mwaka 1913 aliyagawa matabaka ya bonde katika mafungu, akayapa namba za Kirumi kuanzia chini kwenda juu. Ndiyo Bed I, Bed II na kuendelea, ambayo waongozaji wengi husema Bedi ya Kwanza, Bedi ya Pili. Ile bendi nyekundu inayowavutia wageni wote wapige picha ni Bedi ya Tatu. Bedi si tufu. Bedi ni rundo zima la udongo wa mfinyanzi wa ziwani, mchanga wa mito, mawe ya lava, na humo katikati zimepita tufu kadhaa, kila moja ikiwa alama ya mlipuko. Tufu zilizo muhimu zimepewa herufi, nazo zinapanda kutoka chini: IA, IB, IC, ID, IE, IF. Kwa hiyo "Tufu IB" inasomwa hivi: tufu ya pili kutoka chini kati ya zile zilizopewa herufi ndani ya Bedi ya Kwanza. Tufu IF ndiyo inayofunga bedi hiyo. Juu yake tu, umeingia Bedi ya Pili. Mwanajiolojia Richard Hay alitembea bonde lile kwa miaka mingi akizifuata tufu hizi ukingo hadi ukingo, na kitabu chake cha mwaka 1976 bado kinafunguliwa na kila anayechimba pale. Alionyesha pia kwamba majivu mengi ya Bedi ya Kwanza yalitoka mlima Olmoti, ambao ukisimama kwenye kituo cha kutazamia bonde na kugeukia mashariki umo kwenye ile safu ya milima.

Na sehemu alipookotwa Zinj inaitwa FLK. Wageni wakikuuliza, F na L ni Frida Leakey, mke wa kwanza wa Louis Leakey, mtafiti aliyechimba pale. K ni korongo, neno letu wenyewe, limeingia kwenye majarida ya sayansi ya dunia nzima na hakuna aliyeona haja ya kulitafsiri.

Sasa saa. Kwenye fuwele za madini yanayoitwa feldispa kuna potasiamu. Sehemu ndogo sana ya potasiamu, ile ya uzito wa 40, haina utulivu. Polepole inageuka, na sehemu yake moja inakuwa gesi ya agoni. Ni polepole kweli: nusu yake inahitaji miaka bilioni 1.25. Mwamba ukiwa umeyeyuka, agoni inatoroka kama mvuke kwenye sufuria isiyofunikwa. Volkano ikilipuka na fuwele ikapoa, sufuria imefunikwa. Kuanzia hapo kila agoni inayozaliwa inanaswa ndani. Maabara wanaipasha fuwele joto mpaka iyeyuke, wanahesabu agoni iliyotoka, wanailinganisha na potasiamu, na kutoka hapo wanajua kifuniko kiliwekwa lini. Angalia kinachopimwa hapo: ni siku ya mlipuko. Mfupa hauna saa ya namna hiyo. Kaboni 14, ambayo wageni wengi wameisikia, inaishia miaka kama 50,000 nyuma, na Zinj yuko mbali mno na hapo.

Mary Leakey aliliona fuvu lile tarehe 17 Julai 1959, mumewe Louis akiwa kambini mgonjwa. Lilikuwa kwenye udongo wa mfinyanzi. Chini ya udongo huo iko Tufu IB. Juu ya udongo huo, ikiufunika moja kwa moja, iko Tufu IC. Basi zamadamu yule alikufa baada ya majivu ya IB kutua na kabla ya majivu ya IC kumwagika. Ni kama mkeka uliobanwa kati ya sakafu mbili za saruji. Ukijua sakafu ya chini ilimwagwa mwaka gani na ya juu mwaka gani, umeshajua mkeka ulitandikwa kati ya miaka ipi, hata kama mkeka hauna tarehe. Kwa bahati nzuri muda uliopita kati ya tufu hizi mbili ni mdogo kwa kipimo cha jiolojia, na ndiyo maana tunathubutu kusema fuvu lina takriban miaka milioni 1.84.

Utakutana na vitabu vinavyosema milioni 1.75. Usiogope wala usiseme vimedanganya. Kipimo cha kwanza, cha Jack Evernden na Garniss Curtis wa Chuo Kikuu cha California kule Berkeley, kilitangazwa pamoja na Leakey mwaka 1961, nacho kilitoa 1.75. Kabla ya hapo Leakey mwenyewe alikuwa akikisia miaka kama 600,000. Fikiria mshtuko wa siku ile: historia ya binadamu ilirefuka karibu mara tatu kwa sababu ya punje zinazong'aa kama sukari. Baadaye mbinu iliboreka, ikawezekana kupima fuwele moja moja kwa miali ya leza badala ya kuponda gramu nyingi kwa pamoja, na namba ikasogea.

Kupima fuwele moja moja kumetuokoa na balaa ambalo nataka ulijue kwa undani, kwa maana linakuonyesha kwa nini wataalamu hawasemi tu "tufu" bali huuliza kwanza "tufu ya namna gani?"

Mwaka 1969, Koobi Fora, mashariki mwa Ziwa Turkana, mwanajiolojia kijana Kay Behrensmeyer aliona zana za mawe zikitoka kwenye tufu. Mahali pakaitwa KBS, herufi za jina lake na neno la Kiingereza la eneo la uchimbaji, na tufu ikaitwa hivyohivyo. Sampuli zikapelekwa Uingereza kwa Frank Fitch na Jack Miller. Jibu la kwanza lilikuwa wastani wa miaka milioni 221. Ni enzi ambayo hata dinosaria walikuwa ndiyo kwanza wanatokea! Wenyewe walitambua mara moja kilichotokea: majivu yale hayakuanguka kutoka angani moja kwa moja mahali yalipo. Mto uliyazoa, na njiani ukazoa pia fuwele kutoka kwenye miamba mikongwe ya zamani, ukavitua pamoja. Ukiponda vyote kwa pamoja unapima mchanganyiko.

Wakajaribu tena, safari hii kwa yale mawe mepesi yenye vitundu ambayo huelea majini, kwa hoja nzuri kwamba jiwe zima limetoka kwenye mlipuko wenyewe na fuwele zilizo ndani yake haziwezi kuwa za wengine. Wakapata milioni 2.61, wakaitangaza mwaka 1970. Miaka miwili baadaye Bernard Ngeneo, Mkenya wa kikosi cha Richard Leakey, mwana wa Louis na Mary, akaokota vipande vya fuvu lililokuja kuitwa KNM-ER 1470, chini ya tufu hiyo. Mantiki ni ileile niliyokufundisha: kilicho chini ni kikongwe zaidi. Fuvu lenye ubongo mkubwa likapewa karibu miaka milioni 2.9, na dunia ikatikisika.

Kilicholeta shaka ni nguruwe. Basil Cooke, mtaalamu wa visukuku, alilinganisha meno ya nguruwe wa kale yaliyokuwa chini ya Tufu ya KBS na meno ya nguruwe wa bonde la Omo, ng'ambo ya mpaka wa Ethiopia, ambako tufu zilikuwa zimepimwa vizuri. Nguruwe walikuwa sawa, lakini wale wa Omo walikuwa na miaka kama milioni 2. Haiwezekani mnyama yuleyule aishi zama mbili tofauti katika mabonde yaliyopakana. Ugomvi ukadumu karibu miaka kumi. Curtis, yule wa Berkeley, akapima na kupata namba ndogo zaidi. Mwaka 1979 Thure Cerling, Frank Brown na wenzao wakatumia kemia ya kile kioo. Kila mlipuko una viwango vyake vya chuma, titani na elementi nyingine, kama pishi la mama fulani unalolitambua kwa ladha hata ukiwa umefumba macho. Wakakuta Tufu ya KBS na tufu ya Omo iitwayo H2 zimetoka kwenye mlipuko mmoja. Mwanzoni mwa miaka ya 1980 Ian McDougall wa Australia akalimaliza jambo kwa vipimo vilivyokubaliana vyote: karibu milioni 1.88. Fuvu la 1470 leo linahesabiwa kuwa na takriban miaka milioni 2.

Kutoka kwenye kisa hicho chukua maneno mawili. Tufu iliyotua yenyewe kutoka hewani na haijasogezwa tunaiita tufu ya asili. Iliyozolewa na maji au upepo na kutuliwa upya tunaiita tufu iliyohamishwa. Ukiona kwenye tufu mistari ya mkondo wa maji, kokoto za mviringo au mchanga wa mto umechanganyika, kuwa mwangalifu na namba yake. Tufu iliyohamishwa hata hivyo haikosi faida. Pale Engare Sero, kusini mwa Ziwa Natron, kuna nyayo zaidi ya 400 za watu kwenye tope la majivu ya Ol Doinyo Lengai lililoshushwa na maji. Kwa kuwa majivu yamehamishwa, fuwele haziwezi kukuambia siku watu wale walipopita. Zinaweza kukuambia kwamba nyayo haziwezi kuwa kongwe kuliko fuwele changa kabisa zilizomo. Ndiyo maana umri wake hutajwa kwa upana, kati ya miaka 19,100 na 5,760. Upana ule mtu asiudharau. Ndio ukweli wenyewe wa kilichopimika.

Na ile kemia ya kioo imesonga mbele mno. Siku hizi wanatafuta tefra isiyoonekana kwa macho, vigae vichache vya kioo ndani ya tope. Kwenye tope lililochimbwa chini ya Ziwa Nyasa wamekuta kioo cha mlima Toba wa Sumatra, uliolipuka miaka kama 74,000 iliyopita, zaidi ya kilomita 7,000 kutoka hapo.

Lakini usije ukalichukua somo la Zinj ukalipeleka Laetoli lilivyo. Laetoli mambo yamegeuka. Kule nyayo za zamadamu hazikulala chini ya tufu wala juu yake. Zimo ndani ya tufu. Volkano ilitoa majivu, mvua nyepesi ikanyesha juu yake mpaka matone yakaacha vishimo vinavyoonekana hadi leo, wakapita watembeao kwa miguu miwili, wakapita tembo, twiga, sungura, kanga. Majivu yale yalikuwa na kaboneti, yakilowana na kukauka yanashika kama saruji. Kabla mvua kubwa hazijaharibu alama, majivu mengine yakaanguka na kufunika. Tabaka lote lenye nyayo lina unene wa sentimita kama 15 tu. Kwa hiyo siku ya mlipuko na siku ya matembezi zinakaribiana mno, pengine wiki, na hapo tu unaruhusiwa kusema kwa ujasiri: tufu ina miaka milioni 3.66, na nyayo zina miaka milioni 3.66. Njia ile ndefu ya nyayo, karibu mita 27, ilifukuliwa mwaka 1978 na 1979 chini ya Mary Leakey. Nyingine karibu na hapo zilitangazwa mwaka 2016 na kikosi cha watafiti akiwemo Profesa Fidelis Masao, Mtanzania mwenzetu, ambaye wengi wetu tumesoma kwa jasho lake.

Kwa hiyo vihusishi ni kila kitu katika matumizi ya neno hili. Juu ya tufu: kichanga kuliko tufu. Chini ya tufu: kikongwe kuliko tufu. Ndani ya tufu: rika moja na mlipuko, ilimradi tufu ni ya asili. Hata "angalau" ina kazi yake. Mifupa ya binadamu wa Omo Kibish, Ethiopia, iko chini ya majivu ambayo mwaka 2022 yalilinganishwa kikemia na mlipuko wa volkano ya Shala wa miaka kama 233,000 iliyopita. Anayesema mifupa ina miaka 233,000 amekosea. Ina angalau hiyo. Mimi nikisikiliza waongozaji, kosa ninalolisikia zaidi ni "fuvu lilipatikana kwenye Tufu IB". Halikupatikana kwenye tufu. Sema: "Lilipatikana juu ya Tufu IB, chini tu ya Tufu IC." Ni maneno machache, na mgeni mwenye elimu yake akikusikia ukiyasema hivyo atajua anaongozwa na mtu anayejua anachokionyesha.

Na tafadhali, usivunje kipande ili wageni wakisugue, hata wakikusihi. Kuna Sheria ya Mambo ya Kale ya mwaka 1964, na zaidi ya sheria, kila kipande kilichotolewa mahali pake kimepoteza juu yake na chini yake, yaani kila kitu nilichokueleza hapa. Waonyeshe kwa lenzi ukutani. Lenzi ya mara kumi inatosha, na si ghali.

Mzee yule akirudi, au akija mwingine wa aina yake, mpeleke FLK umwambie kwamba hata tufa yake ipo. Watafiti wameikuta kwenye usawa uleule wa Zinj, mwendo wa mita kama 200 kaskazini ya pale penye kibao cha kumbukumbu. Ziwa la wakati ule lilikuwa la chumvi na magadi, halinyweki. Tufa ile inaonyesha kwamba hapo palibubujika chemchemi ya maji matamu, penye miti na kivuli, hatua chache kutoka kwenye zile zana za mawe na mifupa iliyopasuliwa kutolewa uboho.